Kabaki tu? Neno langu kuhusu Selemani Matola na watu wanaobaki

(1)

Mama zangu, dada zangu, na nyie akina baba mnaosoma kimya kimya halafu mnajifanya hamjaona! Baridi ya Sumbawanga leo haina utani, kaeni karibu na jiko tuongee.

Leo naongea mpira. Msikimbie jamani, uji wa lishe na kliniki tutafika tu, mnanijua.

Kuna maneno nayasikia sana hapa kwetu. Nayasikia wodini, nayasikia sokoni Mazwi, nayasikia kwenye vijiwe vya bodaboda. Wanasema: "Yule kabaki tu." Mwalimu aliyepangiwa kazi Laela na hajaomba uhamisho, kabaki tu. Kijana aliyemaliza chuo akarudi kulima mahindi na alizeti kwao badala ya kwenda Dar, kabaki tu. Mama anayelea watoto huku baba yuko Tunduma kutafuta, naye kabaki tu. Hilo "tu" ndilo linaloniuma. Yaani anayeondoka ndiye mwenye akili, na anayebaki ni mtu aliyekosa pa kwenda.

Mimi napinga, na shahidi wangu ni mtu wa mpira: Selemani Matola wa Simba. Watu wa Yanga tulieni, wa kwenu nimemweka huko mbele.

(2)

Kwa nyie wadogo ambao 2003 mlikuwa mgongoni kwa mama, au hamjazaliwa kabisa, nianze huko.

Mwaka huo Simba ilikutana na Zamalek ya Misri kwenye Ligi ya Mabingwa Afrika. Zamalek hawakuwa timu ya kawaida, walikuwa ndio mabingwa watetezi wa Afrika. Simba ilishinda 1-0 Dar es Salaam, ikaenda Cairo ikafungwa 1-0, wakaenda kwenye penalti. Kipa alikuwa Juma Kaseja. Penalti ya mwisho alipiga Christopher Alex, Mungu amrehemu. Simba ikapita, bingwa akatolewa kwake nyumbani, na Simba ikaingia hatua ya makundi. Kocha alikuwa James Siang'a kutoka Kenya. Nahodha wa kikosi kile alikuwa Selemani Matola, kiungo, ambaye watu walimbandika jina la Veron, kama yule kiungo wa Argentina.

Sasa angalieni. Ukimuuliza mtu yeyote kuhusu Zamalek, atakutajia Kaseja na Christopher Alex. Aliyedaka na aliyepiga. Nahodha aliyekuwa pale katikati dakika zote anakumbukwa baadaye, tena mpaka umkumbushe.

Ndiyo kazi ya kiungo. Na Kiswahili chetu kina akili, kwa sababu neno ni lile lile. Mimi kazini nikisema kiungo namaanisha goti, kiwiko, nyonga, yaani pale mfupa na mfupa vinapokutana. Goti likiwa zima hakuna anayelitaja. Hujawahi kuamka asubuhi ukasema "leo goti langu linafanya kazi vizuri". Siku likiuma ndipo unajua kumbe ndilo lilikuwa linakupeleka shamba na kukurudisha. Jikoni pia tuna viungo: pilau bila viungo ni wali wa kahawia, lakini mgeni akisifia atasifia nyama.

(3)

Baada ya kuacha kucheza, Matola akawa kocha. Hakuanzia juu. Alikabidhiwa vijana, Simba B. Mwaka 2012 vijana wale walibeba kombe la BancABC Sup8R, wakishindana na timu za wakubwa. Miongoni mwa vijana wa kipindi kile alikuwemo Jonas Mkude, kiungo aliyekuja kuvaa kitambaa cha unahodha wa Simba hiyo hiyo. Kiungo amemlea kiungo.

Baadaye alitoka. Hili mlishike, tutalirudia. Alikwenda Iringa kuwa kocha mkuu wa Lipuli, timu isiyo na pesa za kutisha. Mwaka 2019 Lipuli ikaifunga Yanga 2-0 kwenye nusu fainali ya Kombe la Shirikisho pale Samora, ikafika fainali Lindi, ikafungwa na Azam 1-0. Akapita Polisi Tanzania. Desemba 2019 Simba ikamwita arudi, safari hii kuwa kocha msaidizi.

Tangu hapo mpaka Septemba 2025, hebu tuhesabu makocha wakuu wa kigeni waliopita Msimbazi. Sven Vandenbroeck wa Ubelgiji. Didier Gomes wa Ufaransa. Pablo Franco wa Hispania. Zoran Maki wa Serbia. Robertinho wa Brazil. Benchikha wa Algeria. Fadlu Davids wa Afrika Kusini. Saba, ndani ya miaka isiyofika 6. Kila mmoja kapokelewa uwanja wa ndege kwa shangwe na skafu shingoni, na kila mmoja akaondoka.

Na mara nyingi mlango ulipobaki wazi, mnajua aliyeitwa. Januari 2021 Sven aliondoka ghafla, Matola akaibeba timu Kombe la Mapinduzi Zanzibar mpaka fainali, wakafungwa na Yanga kwa penalti. Mei 2022 Pablo alipoondoka, Matola akamalizia mechi za msimu. Septemba 2022 Zoran naye akaondoka, safari hii klabu ikamleta Juma Mgunda kutoka Coastal Union akaimu, na Matola akawa msaidizi wake. Aprili 2024 Benchikha akaondoka, yakarudi yale yale: Mgunda mbele, Matola pembeni yake.

Sumbawanga yetu imo pia kwenye habari hii. Msimu wa 2020/21 Tanzania Prisons walihamishia mechi zao za nyumbani hapa, Uwanja wa Nelson Mandela. Tarehe 22 Oktoba 2020 Simba walikuja, mabingwa wa nchi, na Samson Mbangula akawafunga. Prisons 1, Simba 0. Mji mzima uliongea wiki nzima. Matola alikuwa msaidizi wa Sven katika kikosi kile. Wajelajela walimfunga hapa hapa Ufipa, yeye na bosi wake. Lakini msimu ule ule, bosi ameshaondoka, Simba ikafika robo fainali ya Ligi ya Mabingwa Afrika, ikaifunga Al Ahly pale Dar, na ikabeba ubingwa wa ligi. Aliyekuwemo kwenye benchi siku ya aibu ya Sumbawanga na siku za furaha, ni yule aliyebaki.

(4)

Hapa ndipo ninapogombana na watu. Wapo wanaosema, "Matola angekuwa mzuri wangempa timu jumla." Wapo wabaya zaidi, wanasema, "Makocha wanafukuzwa yeye habanduki, huyo ndiye tatizo."

Hilo la pili nalijibu kifupi: klabu inaajiri na kufukuza yenyewe, na klabu hiyo hiyo imemwita mtu huyu tena na tena mambo yalipoharibika. Hakuna anayemkabidhi mtoto mgonjwa mtu asiyemwamini.

Hilo la kwanza ndilo zito, kwa sababu tunalitumia na majumbani. Tumejiaminisha kwamba cheo ndicho kipimo. Ukiwa msaidizi maana yake ulishindwa kuwa mkuu.

Niwaambie nilichokiona kazini. Wodi ya watoto madaktari hubadilika. Anakuja wa mafunzo kwa vitendo, akimaliza muda wake anaondoka. Anakuja bingwa kwa siku kadhaa, anaondoka. Na ni wazuri, tunawahitaji sana. Lakini anayejua kwamba mtoto wa kitanda cha dirishani hameza dawa mpaka aimbiwe, kwamba bibi yake hasomi kwa hiyo vipimo vya dawa lazima aonyeshwe kwenye kijiko, kwamba jana usiku alipumua kwa shida saa nane, ni yule aliyekuwepo jana, na juzi, na mwezi uliopita. Daktari mpya akiingia asubuhi anamuuliza huyo. Akikosekana huyo, matibabu yanaanza upya kwa kubahatisha.

Kocha mgeni naye ni hivyo hivyo. Anatua leo, Jumamosi ana mechi. Hajui Kiswahili. Hajui uwanja gani una nyasi na upi una vumbi, hajui safari ya basi kutoka Dar mpaka huku juu inamfanya nini mchezaji. Lazima awepo mtu wa kumwambia. Mtu huyo ndiye kumbukumbu ya timu. Na timu isiyo na kumbukumbu, kila mwaka inaanza darasa la kwanza.

Sasa, watu wa Yanga, wenu huyu hapa: Charles Boniface Mkwasa. Alikuwa kiungo wa Yanga, akaja kuwa kocha wake, akawa msaidizi wa Hans van der Pluijm, akapewa Taifa Stars mwaka 2015, na 2017 Yanga ikamfanya Katibu Mkuu wake. Alivaa jezi, akashika filimbi, akashika na kalamu, klabu ile ile. Na kule Mtibwa Sugar alikuwepo Zuberi Katwila, kiungo wao wa miaka mingi, aliyekuja kuwafundisha na mwaka 2018 akawapa Kombe la Shirikisho pale Arusha kwa kuifunga Singida United 3-2. Kwa hiyo siongelei ushabiki. Naongelea aina ya watu.

(5)

Ila nisieleweke vibaya, maana kuna mama atasoma hapa akaumia. Kubaki ninakokusifia mimi kuna masharti mawili.

Sharti la kwanza: kubaki si kuganda. Nimewaambia mkumbuke kwamba Matola alitoka. Alikwenda Iringa akawa mkuu, akajipima kwa mikono yake, akarudi na kitu mkononi. Ukocha wenyewe una madaraja ya leseni za CAF, D, C, B, A, na mechi za CAF haziruhusu kocha mkuu asiye na leseni A. Anayetaka kukaa kwenye mpira lazima arudi darasani akiwa na mvi zake. Na wewe dada uliyebaki nyumbani na watoto, usikubali kubaki kuwe mwisho wa kujifunza. Kikundi cha kuweka na kukopa, cherehani, kozi ya jioni, kilimo cha bustani, chochote kinachokuongezea ujuzi. Wewe mwalimu, wewe nesi mwenzangu uliyebaki kituo cha afya kijijini, omba semina, jiendeleze. Mtu aliyebaki miaka 10 bila kuongeza kitu ana uzoefu wa mwaka mmoja uliorudiwa mara kumi.

Sharti la pili nalisema taratibu ili lisikike. Uaminifu si kuvumilia kipigo. Matola alibaki kwenye kazi, akilipwa, akiheshimiwa, na siku yoyote angetaka kuondoka mlango ulikuwa wazi. Nyumba ambayo unapigwa siyo timu. Usiniletee habari ya "nimebaki kwa ajili ya watoto" huku jicho limevimba, kwa sababu watoto hao hao tunawapokea na wenyewe, wamenyamaza kwa namna ambayo mtoto hapaswi kunyamaza. Polisi kuna Dawati la Jinsia na Watoto. Hospitali tupo. Njoo. Huko kuondoka ndiko kuwa mwaminifu kwa wanao.

(6)

Nimewaahidi kliniki, haya tufike.

Mkoa wetu ni ghala. Mahindi yanatoka Ufipa yanalisha watu mikoa mingine. Maharage tunayo, ulezi tunao, karanga tunazo, samaki wanapanda kutoka Ziwa Tanganyika na Ziwa Rukwa. Lakini utafiti wa kitaifa wa afya wa 2022 ulikuta asilimia 49.8 ya watoto wa Rukwa walio chini ya miaka 5 wamedumaa. Karibu nusu. Kitaifa ilikuwa asilimia 30. Ule wa 2015/16 tulikuwa asilimia 56, kwa hiyo tumepungua, lakini jamani, mtoto mmoja kwa kila wawili, juu ya gunia la mahindi!

Kwa nini nayaleta haya kwenye habari ya kocha? Kwa sababu udumavu hauji siku moja. Hakuna siku utasema "jana mwanangu alidumaa". Ni uji mtupu wa leo, na wa kesho, na wa keshokutwa. Ni mama mjamzito anayelima mpaka siku ya uchungu, kila siku. Ni kuhara kusikotibiwa, tena na tena. Kinachoharibu kidogo kidogo hakirekebishwi kwa sikukuu. Huwezi kumnunulia mtoto chipsi kuku mwisho wa mwezi ukafuta siku 29. Kinarekebishwa na mtu anayebaki kwenye zamu: karanga zilizosagwa ndani ya uji leo, yai au dagaa kesho, maharage na mboga keshokutwa, na matiti ya mama mpaka miaka miwili.

Na kliniki ni hivyo hivyo. Miezi ya mwanzo mnakuja wengi, mmependeza, watoto wamefungwa vizuri. Mtoto akifika miezi 9 anachomwa chanjo ya surua na rubela, na hapo wengi mnaona kazi imekwisha. Nasubiri mwezi wa 18 kwa dozi ya pili, nafungua daftari, majina hayana alama. Mtoto ameshaanza kukimbia, nyie mmeona ametoboa. Kumbe kupima uzito na urefu kunatakiwa kuendelee mpaka miaka 5. Kipindi cha shangwe kimepita, ndipo kazi ya msaidizi inapoanza.

Baba, na wewe una nafasi yako. Siyo lazima uwe kocha mkuu wa malezi. Nyumba nyingi hapa mama ndiye mkuu hata kama hatusemi. Kuwa msaidizi mzuri basi. Mbebe mtoto siku moja umpeleke kliniki mwenyewe. Jua ana kilo ngapi. Jua dawa yake iko wapi. Siku mama akilazwa, na siku hiyo huja bila taarifa, nyumba iwe na mtu wa kuiongoza kwa muda bila kuanza kuuliza chumvi inakaa wapi. Tunawapokea akina mama wanaojifungua kwa upasuaji, wanalia si kwa maumivu, wanalia kwa sababu nyumbani hakuna anayejua ratiba ya mtoto mkubwa.

(7)

Nimalizie na watoto wenu wanaopenda mpira, maana mnaniuliza sana. "Nesi, mwanangu hataki shule, anataka kuwa Samatta."

Mbwana Samatta tunamheshimu, alipanda kutoka Mbagala mpaka Ligi Kuu ya Uingereza. Mwambie mwanao habari za Samatta. Lakini mwambie na hii ya Matola, kwa sababu mwili wa mchezaji unachoka mapema. Akifika miaka 35 wengi wameshamaliza, na bado ana miaka 40 ya kuishi na kulisha familia. Kinachombakiza kwenye mchezo baada ya miguu kuchoka ni vitu viwili: kichwa kinachojifunza na jina safi. Leseni ya ukocha inasomwa na kufanyiwa mtihani, kwa hiyo daftari na kiatu vyote viwe ndani ya begi. Na jina safi linaanza kutengenezwa kwenye timu ya mtaa pale Kizwite au Katandala, anapofika mazoezini kwa wakati hata siku atakayokaa benchi.

Mzazi, akikwambia leo wamemweka benchi, usimwambie "hama timu". Muulize umejifunza nini ukiwa benchi. Muulize nani alikuwa anachezaje. Kiungo mzuri anaanza kwa kuangalia.

Na hawa wanaobaki kwenye maisha yetu, tuache kuwaongezea "tu". Yupo bibi anayewalea wajukuu wanne huko Mpui wakati wazazi wako mbali. Yupo dada wa kazi aliyekaa kwako miaka mitatu, mwanao anamwita mama mdogo, na mshahara wake unamcheleweshea. Yupo mhudumu wa afya ngazi ya jamii anayetembea kwa mguu mvua za Februari kuuliza kama umemeza vidonge vya damu. Siyo wakuu wa kitu chochote. Hawapokelewi na skafu.

Kwa hiyo nawaomba mambo mawili usiku huu. Moja, toa kadi ya kliniki ya mtoto, angalia tarehe. Kama imepita, njoo kesho asubuhi, hatutakugombeza. Ukikutana na atakayekugombeza, niandikie ujumbe nitaongea naye.

Pili, mtaje hapa chini mtu mmoja aliyebaki kwako wakati wengine wameondoka. Jina la utani linatosha, sitaki majina kamili ya watu. Sema amefanya nini. Halafu ukimaliza kuandika, mpigie simu umwambie mwenyewe, kwa sababu hayuko huku mitandaoni, yuko kazini.

Zamu yangu inaanza saa mbili usiku. Maswali ya watoto wenye homa nitajibu asubuhi, ila mtoto akishindwa kunyonya, akidegedega au akipumua kwa shida, usisubiri jibu langu, mlete hospitali sasa hivi.